Saa Tatu Usiku, Bila Fanusi

Hadi mwaka 1970, mzinga ulipolia kutoka ngome ya Mirani saa tatu baada ya jua kuchwa, milango ya mji wa Maskati ilifungwa. Aliyechelewa nje alilala nje. Aliyekuwa ndani aliweza kutembea, ila kwa sharti la kushika fanusi mkononi ili aonekane ni nani. Tochi ya betri haikuhesabiwa kuwa taa. Sultani aliyeishikilia amri hii, Said bin Taimur, mwenyewe hakuwa akikaa mjini: mwaka 1958 alihamia Salala, kiasi cha kilomita elfu moja kusini, na hakurudi tena Maskati hadi mwanawe Qaboos alipompindua tarehe 23 Julai 1970. Kwa hiyo watu wa Maskati walikuwa wakibeba fanusi kwa amri ya mtu aliyekuwa amelala safari ya siku kadhaa kutoka kwao.

Leo usiku huo huo unauzwa. Kampuni za utalii zina matembezi ya jioni ya Matrah, mji jirani wa bandari, na ya Maskati ya kale: kiongozi, finjani ya kahawa, kipande cha halua, na hadithi za Wareno. Nilijiunga na kundi moja msimu wa baridi, tukiwa Waswahili wachache kati ya Wazungu. Kiongozi alikuwa kijana mwenye kanzu nyeupe iliyopigwa pasi mpaka ikasimama, akieleza mambo kwa Kiingereza safi. Aliposikia tunanong'ona wenyewe kwa wenyewe, aligeuka akasema, "Masalkheri, mabwana na mabibi. Bibi yangu mzaa mama ni wa Malindi, Unguja." Tangu hapo tukawa na matembezi mawili kwa bei ya moja: yale ya Kiingereza mbele, na ya Kiswahili nyuma.

Sababu ya kutembea jioni si mapenzi ya mbalamwezi. Ni joto. Tarehe 26 Juni 2018, Quriyat, mji wa pwani kusini ya hapa, usiku mzima joto halikushuka chini ya nyuzi 42.6, nalo likaandikwa kuwa rekodi ya dunia. Basi mwenye akili hutembea kati ya Novemba na Machi, tena baada ya Alasiri. Soko la Matrah nalo linafuata saa za kibinadamu: asubuhi linafunguliwa, mchana linalala, na kuanzia saa kumi alasiri linaamka tena hadi saa nne usiku. Ijumaa asubuhi usijisumbue.

Tulianzia kornishi, barabara iliyopinda ikifuata ghuba. Upande wa bahari ni bandari iliyopewa jina la Sultani Qaboos, ambayo hadi 2014 ilikuwa ikipakua makontena. Mwaka huo mizigo ikahamishiwa Sohar, na hapa pakaachiwa meli za watalii na majahazi. Upande wa pili zimesimama nyumba za wafanyabiashara, nyeupe, zenye roshani za mbao zilizosogezwa mbele juu ya njia. Mtu wa Mji Mkongwe hahitaji kiongozi wa kumwambia kazi ya roshani. Anajua kwamba nyuma ya vile vibao kuna mtu anayekuona, nawe humwoni. Anajua pia kwamba mbao, mafundi na mitindo hiyo haikuzaliwa Arabuni peke yake, kwani Bombay na Kutch zimo humo ndani kama zilivyomo Unguja. Juu ya majabali nyuma ya nyumba kuna minara ya ulinzi inayowashwa taa usiku, na ngome ya Matrah iliyojengwa na Wareno karne ya 16.

Sokoni tuliingia kwa mlango wa baharini. Wenyeji waliliita soko hili Suku dh-Dhalam, soko la giza, kwa sababu vichochoro vilikuwa vyembamba na vimefunikwa hata mchana jua halikufika chini. Sasa kuna taa za umeme na dari ya mbao iliyochongwa, na nusu ya vitu vinavyoning'inia vimetoka viwanda vya mbali, vikiwamo vingamia vya plastiki. Usiudhike. Pita maduka ya mbele, zama ndani, na acha pua ikuongoze.

Pua ya Mswahili hapa haipotei. Ubani unauzwa kwa daraja, kuanzia mweusi wa kufukiza chooni hadi hojari mweupe unaoelekea kijani, ambao watu huutia kwenye maji wakanywa. Unatoka Dhofari, kusini, ambako mti huchunwa gome na utomvu ukaachwa ukauke. Bonde la miti hiyo, bandari za kale na kituo cha misafara cha biashara hiyo viliingizwa katika Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2000. Karibu yake kuna udi, mawaridi ya Jabal Akhdar yaliyogeuzwa maji, zafarani, hiliki. Kuna sarafu nzito za fedha zenye sura ya Maria Theresa, ambazo babu zetu waliziita reale na kuzihesabia karafuu. Zote zimeandikwa mwaka 1780, hata zile zilizopigwa karne moja na nusu baadaye, kwa sababu wafanyabiashara wa Bahari ya Sham na ya Hindi walikataa kuzipokea zikiwa na mwaka mwingine wowote. Kisha kofia: safu kwa safu, za kutunga kwa mkono, zenye vitundu vidogo vya kupitisha upepo. Kiongozi aliwaambia Wajerumani wawili kwamba kofia hii ni vazi la taifa la Omani. Halafu akatugeukia akapunguza sauti: "Hii nyinyi mnaijua ilikotoka." Waomani wenyewe hawabishi kwamba iliingia kutoka Zanzibar na pwani ya Afrika Mashariki. Ilivuka kwa majahazi, ikapata jina jipya, sasa inavaliwa na mawaziri.

Halua tuliyopewa ilikuwa ya moto bado. Sukari, wanga, samli, hiliki, zafarani na maji ya waridi, vikisongwa kwenye sufuria kubwa ya shaba kwa saa kadhaa bila mkono kupumzika. Pakazuka ubishi mdogo, mwenzetu mmoja wa Wete akishikilia kwamba halua ya kwao ina uzito zaidi. Muuzaji, Mbaluchi wa Matrah aliyesema Kiswahili cha kuokotaokota, alimjibu kwa kumkatia kipande cha pili.

Kutoka hapo hatua chache tu, ukirudi kornishi, kuna lango. Juu yake hakuna kibao cha kukaribisha. Ndani yake ni Sur al-Lawatiya, mtaa uliozungushiwa ukuta wa nyumba zilizobanana. Walawati, ambao asili yao ni Sindh na pande za Gujarat, wamekaa humo kwa vizazi na vizazi. Ni Mashia katika nchi ya Maibadhi na Masuni, wana lugha yao, na kwa karne nyingi biashara ya Matrah ilipita mikononi mwao. Wazanzibari wenye kumbukumbu watawatambua, maana ni ndugu wa Makhoja waliofungua maduka Unguja, Bagamoyo na Mombasa. Kuba la buluu la msikiti wao linaonekana kutoka kila upande wa ghuba. Hadi miongo ya karibuni mtu asiye wa mtaa hakuruhusiwa kuvuka lango hili. Baada ya 1970 familia nyingi zilihamia nyumba pana zaidi magharibi ya mji, lakini mahali penyewe hapajageuka makumbusho.

Kundi letu lilisimama nje. Bibi mmoja wa Kizungu, kamera mkononi, aliuliza kwa nini hatuingii na hali lango liko wazi. Kiongozi alijibu kwamba lango kuwa wazi ni jambo moja na mtu kualikwa ni jambo jingine, kisha akaendelea na maelezo kana kwamba hakuna kilichokatazwa.

Hapo ndipo nilipoona thamani ya matembezi yale. Ulimwenguni kuna mitaa mingi ya kale inayouza jioni zake, na maarufu kupita yote pengine ni Gion, katika mji wa Kyoto, Japani. Humo wanaishi na kufanya kazi magesha, wasanii wanaosomea ngoma, nyimbo, ala za muziki na adabu ya kukirimu wageni kwa miaka kadhaa kabla ya kuitwa wamehitimu. Watu wengi huku kwetu huwadhania vingine, kosa lile lile tulilowafanyia wanawake wengi wa taarabu. Kazi yao hufanyika ndani ya nyumba za chai ambazo mgeni haingii ila kwa kujulishwa na mteja wa zamani. Anachobakiwa nacho mtalii ni njia: jioni taa za karatasi zinawashwa, mlango wa mbao unateleza, mwanafunzi aliyepakwa uso mweupe anatoka mbio kuwahi miadi. Miadi hiyo ndiyo watu waliyoanza kuikatiza. Walimfuata msichana na simu zao, wakamshika mkono wa kimono, wakaingia nyua za watu. Mwaka 2019 yakawekwa mabango ya kukataza picha katika vichochoro vya binafsi, na faini ya yeni 10,000. Mwaka 2024 watalii wakakatazwa kabisa kuingia baadhi ya vichochoro hivyo. Barabara kuu imebaki wazi.

Gion ilibidi ifunge baada ya kuchoka. Sur al-Lawatiya haikuwahi kukaribisha watalii, kwa hiyo hakuna anayelalamika kwamba amenyang'anywa. Wapo wanaosema mtaa kama huo ni hasara, kwamba nyumba zile zingetengenezwa hoteli ndogo za fahari na kila mtu angefaidi. Nimeona namna "kila mtu" alivyofaidi sehemu kadhaa za Mji Mkongwe, ambako mpangaji wa miaka arubaini amehamishiwa shamba na kitanda chake cha samadari kimebaki kupigwa picha. Mimi nitasimama nje ya lango, sina neno. Mtembezaji anayejua kusimama hapo ana faida kuliko anayenipitisha.

Ila kuna kusimama nje ya mlango kwa adabu, na kuna kuupita mlango kimya ili usiulizwe kilichomo. Kwa saa nzima tulikuwa tumesikia juu ya ubani, lulu, tende, majambia na ushujaa wa mabaharia. Neno watumwa halikutajwa. Kwenye Kiswahili cha nyuma nilimuuliza kiongozi. Hakukasirika. "Wageni hawaulizi," alisema, "na sisi hatuanzi."

Basi nianze mimi. Matrah na Maskati zilipokea watu kutoka pwani yetu kwa njia zile zile, kwa majahazi yale yale na pepo zile zile za kusi zilizoleta boriti na pembe. Mwaka 1873, Uingereza ilipombana Sultan Barghash wa Zanzibar akasaini mkataba wa kupiga marufuku biashara ya watumwa kwa bahari, Sultan Turki wa Maskati naye alisaini wake mwaka huo huo. Biashara ilipungua, ikajificha, ikaendelea kwa wizi kwa muda. Utumwa wenyewe ulikomeshwa rasmi Omani mwaka 1970, mwaka ule ule wa fanusi. Wajukuu wa watu wale ni Waomani leo, ni askari, walimu, wachezaji mpira. Harusini pwani ya Batina na hapa Maskati utakuta ngoma ya lewa, wachezaji wakizunguka duara, zumari ikilia katikati, ngoma kubwa ikiitwa msondo, na kwenye nyimbo zake maneno ya Kiswahili yanayoimbwa na watu wasioyaelewa tena yote. Nadhani kiongozi wa matembezi angeweza kuyasema hayo kwa dakika tano bila kuharibu jioni ya mtu. Bibi yule wa kamera ningemtazamia aulize maswali ya maana zaidi kuliko lile la lango.

Tulipanda gari dogo kuvuka eneo la Riyam, maana kati ya Matrah na Maskati yenyewe kuna majabali, na hili huwachanganya wageni wanaodhani Maskati ni mji mmoja. Maskati ya kale ni ndogo mno. Kuna kasri la al-Alam la mwaka 1972, lenye nguzo za buluu na dhahabu zilizopanuka juu kama tarumbeta. Kuna Makumbusho ya Taifa yaliyofunguliwa 2016, ng'ambo ya uwanja. Kuna wizara, bustani zilizokatwa kwa mkasi, na karibu na kasri hekalu la Kihindu la Shiva ambalo Wabaniani wamelitunza kwa zaidi ya karne. Usiku wakaazi ni wachache, hata paka wanatembea katikati ya barabara. Uzuri upo, lakini ni uzuri wa sebule ya wageni. Nusu saa inatosha.

Ngome mbili ndizo zinazostahili kutazamwa polepole, kila moja juu ya jabali lake pande mbili za kasri. Mreno Albuquerque aliuchoma moto mji huu mwaka 1507, na Wareno wakaukalia kwa karibu karne moja na nusu. Ngome hizi, Jalali na Mirani, walizikamilisha miaka ya 1580, baada ya Waturuki kuwashambulia. Mwaka 1650 Imamu Sultan bin Saif akawatoa. Msomaji wa Mombasa ataona hadithi hii inaelekea wapi: Wareno walioogopa maadui wa baharini hapa ndio waliojenga Ngome ya Yesu kuanzia 1593, na wajukuu wa ushindi wa Maskati ndio walioizingira Mombasa kuanzia Machi 1696 hadi Desemba 1698. Ukisimama chini ya Jalali usiku, ukuta ukiwa umemulikwa kwa taa za manjano, unaitambua kazi ya mikono ile ile. Jalali iliendelea kuwa gereza hadi miaka ya 1970, na waliopita humo hawakuisahau. Kwenye majabali ya bandari kuna majina ya meli yaliyopakwa rangi na mabaharia wa karne zilizopita, lakini hayo njoo uyaone mchana.

Nyumba moja zaidi nitaitaja kwa sababu inachekesha. Inaitwa Bayt Faransa, na mwaka 1896 Sultani aliwapa Wafaransa wakaifanya ubalozi mdogo. Wafaransa nao wakawa wanagawa bendera zao kwa manahodha wa mji wa bandari wa Sur, na jahazi lenye bendera ya Ufaransa halikuweza kukaguliwa na Waingereza waliokuwa wakisaka watumwa. Ugomvi ukafika mahakama ya usuluhishi ya The Hague, iliyotoa hukumu mwaka 1905 kuzuia bendera mpya kwa wasiostahiki. Majahazi ya Sur yalikuwa yakija Zanzibar, Lamu na Kilwa, kwa hiyo mawakili wenye makoti marefu kule Uholanzi walikuwa wakibishana, kwa sehemu, juu ya nani alikuwa amelala chini ya sitaha akitokea kwetu. Nyumba sasa ni makumbusho ya Omani na Ufaransa, na jioni hufungwa.

Mwenzetu wa Wete aliuliza ikiwa kaburi la Jamshid liko karibu. Jamshid bin Abdullah, Sultani wa mwisho wa Zanzibar, alitawala tangu Julai 1963 hadi Januari 1964, akaishi Uingereza kwa zaidi ya nusu karne. Ruhusa ya kuja kukaa Omani aliipata uzeeni, mwaka 2020, na akafariki dunia hapa Maskati Desemba 2024. Kiongozi hakutaka kuongoza watu kwenda kaburini usiku. Lakini swali lilifungua mazungumzo ambayo hayakuwamo kwenye ratiba. Baada ya Mapinduzi ya Zanzibar, waliokimbia Unguja na Pemba hawakufika wote Omani. Said bin Taimur hakuwa na hamu nao, wengi wakaishia Kuwait, Dubai, Cairo. Ni Qaboos aliyewaita wenye asili ya Omani warudi, kwa kuwa nchi aliyoirithi ilikuwa na skuli tatu na kilomita kumi hivi za lami, nao walikuwa walimu, manesi, mafundi na makarani waliosoma. Wakajaa maofisini. Wenyeji waliokuwa wakitoka na fanusi wakawakuta waliorudi wakisema Kiswahili benki. Hawakupendana mara moja, na yapo maneno ya kuchomana yaliyobaki mpaka leo, ingawa wajukuu wao wameoana.

Saa tatu usiku tulirudishwa Matrah. Kundi lilivunjika, Wazungu wakaenda hotelini, sisi tukafuata moshi wa mishkaki. Meza ya pili walikaa akina mama watatu wenye mabuibui, wakinywa chai ya karak. Mmoja wao, mtu mzima kuliko wote, alikuwa ametusikia.

"Nyinyi wanangu watu wa wapi?"

"Shikamoo bibi. Mimi wa Dar, huyu wa Pemba."

"Marahaba. Pemba wapi?"

"Wete."

"Wete mie nimesoma," alisema, akavuta kiti chake upande wetu bila kuuliza. Nilitaka kumuuliza kuhusu usiku wa zamani wa Maskati, kama aliwahi kuishika ile fanusi, lakini yeye alikuwa na haja yake. Alitaka kujua karafuu msimu huu kilo wanainunua shilingi ngapi. Mwenzetu wa Wete akataja bei. Mama wa pili akasema hiyo ni ya mwaka juzi, yeye ana mdogo wake Chake anampigia simu kila wiki. Wa Wete akatoa simu yake mfukoni ampigie kaka yake pale pale, saa nne kasoro usiku kwa huku na tatu kasoro kwa Pemba, na mwenye mishkaki akauliza kama tunaongeza vingine.